Mgongo Nambari 723

Isidore Mushagalusa, mpelelezi wa parquet, ofisi ya mashtaka ya Bukavu, aliishika ile picha ya mionzi juu chini, na ilibidi Bwana Substitut mwenyewe, naibu mwendesha mashtaka, aigeuze. Jambo hilo lilimchoma. Mtu aliyesifiwa kuanzia Kadutu hadi Nguba kuwa anaweza kumhoji Mzungu bila kutetemeka, sasa hajui kichwa kiko wapi na mabega yako wapi. Substitut hakucheka. Alikuwa Mbelgiji mwenye adabu nyingi, na adabu hiyo ndiyo iliyomfanya asiwe na faida kubwa kwa mtu yeyote.

Kesi yenyewe ilikuwa hivi. Léopold, kijana wa Bunyakiri aliyekuwa akichimba dhahabu upande wa Mwenga, aliletwa katika hospitali ya kampuni ya mgodi mjini akiwa hawezi kuinua miguu. Yeye alisema jiwe lilimwangukia kiunoni ndani ya shimo. Kampuni ikasema hakuna jiwe lililoanguka. Alijilaza tu asubuhi moja akashindwa kuamka. Wenzake wa zamu ile walikuwa wamehamishiwa migodi mingine kwa haraka ambayo Isidore hakuipenda hata kidogo. Kwa hiyo shahidi pekee aliyebaki alikuwa mgongo wa Léopold.

Na mgongo huo ulikuwa umeshapewa nambari. Tangu mwaka ule wa 1958 uanze, hospitali ilitumia kitabu kipya kutoka Ulaya, ambamo kila ugonjwa wa duniani una nambari yake. Kwenye karatasi ya Léopold daktari alikuwa ameandika 723, maana yake viungo vya mgongo vimechakaa vyenyewe, kama vya mzee. Angeandika 806, maana yake uti wa mgongo umevunjika na kuumiza mishipa ya fahamu, ingekuwa ajali ya kazini, na Léopold angebaki kitandani akitibiwa na kampuni mpaka mwisho. Mwenye 723 hurudishwa kwao. Lori la Bunyakiri lilikuwa limeshatafutwa, na kila aliyewahi kupita barabara ile alijua ingemfanya nini mtu aliyevunjika mgongo.

Parquet isingejua lolote kama si Agnès, mke wa Léopold, ambaye alikaa kwenye kizingiti cha ofisi hadi makarani wakachoka kumruka. Substitut alifungua jalada, akaomba picha, akaletewa hiyo.

"Ninaweza kulizuia lori mpaka Ijumaa," alisema kwa Kifaransa. "Baada ya hapo sina sababu. Picha inaonyesha uchakavu, nambari inasema uchakavu. Niletee kitu, Isidore."

Hospitali ilikuwa Nguba, bustani zake zikiteremka hadi ziwani, maua yamepangwa kwa mistari iliyonyooka. Isidore hakupenda hospitali, na hakupenda zaidi hospitali nzuri. Dokta Verhulst alimpokea akiwa amesimama. Alikuwa mwembamba, mwenye macho ya mtu asiyelala vizuri, na hakuonyesha dharau wala woga. Aliibandika picha aliyokuja nayo Isidore kwenye kisanduku cha taa, akaeleza kwa subira. Pingili za shingo zilikuwa zimeanza kugusana, kingo zake zimeota vichomozo, na shingo nzima ilikuwa imepoteza ule upindo wake wa kawaida, imenyooka kama mti wa bendera.

Isidore aliuliza kwa nini mtu anayelalamika kiuno apigwe picha ya shingo. Alikuwa amelitunza swali hilo tangu parquet, akidhani litamtoa mwenzake jasho.

Halikumtoa chochote. Dokta alijibu kwamba ugonjwa huu hauchagui kipande. Ukishaila shingo hivi, kiuno hakiwezi kuwa kizima, na picha ya shingo hutoka safi kuliko ya kiuno, hasa kwa mashine yao iliyozeeka. Isidore akauliza kama kijana wa miaka ishirini na saba anaweza kuwa na shingo ya mzee. Dokta akasema katika mgodi ule anaona hivyo kila mwezi, na alilisema kwa namna ya mtu aliyechoka kuliona. Karatasi ilikuwa na saini, picha ilikuwa na jina la Léopold limeandikwa kwa kalamu nyeupe pembeni. Kila kitu kilikuwa mahali pake. Isidore alitoka mle ofisini akiwa mikono mitupu, amekasirika kama mtu aliyeshindwa karata na mchezaji asiyeiba.

Léopold alilala katika jengo la nyuma, kitanda kikiwa kimewekwa katikati ya chumba ili wauguzi wapite pande zote. Alikuwa na mikono minene ya mchimbaji, na chini ya shuka miguu iliyolala mahali ilipowekwa. Isidore alimuuliza tena habari za jiwe, akamwacha aeleze bila kumkatiza. Hadithi haikubadilika: mbao za kuzuia udongo zilikuwa zimeoza, walimwambia capita, msimamizi wa zamu, capita akawaambia wamalizie upande ule kwanza. Kisha kishindo, na vumbi, na kiuno kama si chake.

"Banasema mugongo yangu iko ya muzee," Léopold alisema. "Papa Inspecteur, ile asubuhi nilibebaka mawe kama kila siku. Muzee gani anabeba vile?"

Mlango ulifunguliwa nyuma ya kitanda. Agnès aliingia na sufuria ya ugali iliyofunikwa kitambaa. Léopold, ambaye hakuweza kugeuza kiwiliwili, alitupa kichwa nyuma kabisa juu ya mto hadi kidevu kikaelekea dari, akamwona mkewe kichwa chini miguu juu, akatabasamu. Agnès naye akatabasamu. Inaonekana ndivyo walivyokuwa wakisalimiana kila siku, maana hakuna kati yao aliyeona ajabu.

Isidore alikuwa ameshasimama ili aondoke. Alifika mlangoni, akavaa kofia, akaivua. Kisha akarudi.

Alimwomba Léopold afanye tena vile. Léopold akafanya. Akamwomba ageuze uso kushoto hadi kidevu kiguse bega, kisha kulia. Léopold akageuza bila shida, akishangaa, akiuliza kama hiyo ndiyo kazi ya polisi siku hizi. Shingo ile ilikuwa laini kama ya mtoto. Isidore alikumbuka mti wa bendera kwenye kisanduku cha taa. Mwenye shingo ya kwenye picha asingeweza kutazama dari hata kwa kulipwa. Jina lilikuwa la Léopold, lakini shingo haikuwa yake.

Sasa ilikuwa ya nani? Kwenye kitanda cha tatu alilala fundi mwashi mzee aitwaye Ignace, shingo yake imekauka hivi kwamba aligeuka mzima mzima kama mlango. Isidore alifurahi haraka mno. Alimhoji mzee yule kwa muda mrefu, akaambiwa habari za kila ukuta aliowahi kujenga mjini, na mwisho akagundua kwamba Ignace alikuwa ameingia hospitali juzi tu, wakati picha ilikuwa mikononi mwa Substitut kabla ya hapo. Nusu siku nzima ilikwenda na maji.

Akaondoka kwa miguu kuelekea Nyawera, maana alifikiri vizuri zaidi penye kelele. Sokoni kulikuwa na msongamano wa kawaida: mafungu ya samaki wadogo wa ziwani, ndizi za kupika, wachuuzi wakisukumana, na wanawake wa Kishi, wenyeji wa milima hii, wakipanda mlima na magunia ya unga wa muhogo. Aliwaona tangu utoto wake, na kwa sababu hiyo hakuwa amewaona kamwe. Gunia hulala mgongoni, na mugozi, ile kamba ya magome iliyosukwa pana, huzunguka gunia na kupita juu ya paji la uso. Mzigo wote hubebwa na shingo. Mama yake mwenyewe alimsomesha kwa mugozi, akishusha kuni kutoka Kabare, na jioni alikuwa akimwomba Isidore amkande hapa, juu, chini ya kisogo.

Mwanamke mmoja alitua mzigo karibu na bomba. Alitaka kunywa maji. Alichota kopo, lakini hakuinua kichwa. Alipiga magoti, akaegemeza mwili mzima nyuma kuanzia mapajani, kama mti unaoanguka polepole, ndipo maji yakamfikia koo. Isidore alimtazama hadi yule mama akakasirika na kumuuliza kama hajawahi kuona mtu mwenye kiu.

Mwanamume wa huku hapitishi mugozi kichwani. Hubeba begani, au hubeba mikononi, au humwachia mkewe; na aibu ya jambo hilo la tatu Isidore aliihisi wakati huo kwa mara ya kwanza katika maisha yake. Wala wa Bunyakiri hawafanyi tofauti. Shingo ya kwenye picha ilikuwa imetengenezwa na miaka ya mugozi. Ilikuwa shingo ya mwanamke, tena mwanamke wa milima hii, na mtu aliyeiweka kwenye bahasha ya mchimba dhahabu alikuwa mtu asiyeijua kamba ile inafanya nini.

Mtu huyo hakuwa mgumu kumpata. Mashine ya mionzi ilikuwa mikononi mwa muuguzi Grégoire, mtu wa Bas-Congo, ambako wanawake hujitwika mizigo utosini na shingo zao hubaki kama za twiga. Alikuwa kijana nadhifu, suruali ina mstari, na alipomwona Isidore ameingia kwenye chumba chake cha giza cha kusafishia filamu na kufunga mlango nyuma yake, alianza kupanga vitu ambavyo vilikuwa vimeshapangwa.

Isidore hakumtisha. Aliuliza kwanza jinsi kazi inavyofanyika, hatua kwa hatua, kama mwanafunzi. Dokta anapita vitandani asubuhi, anatazama, anabonyeza, anaandika nambari. Halafu karatasi inashuka kwa Grégoire, naye anapiga picha, ambayo wao huiita radio, ya kuthibitisha nambari, ili jalada la kampuni litimie.

"Kwa hiyo nambari inatangulia," Isidore alisema.

"Ni vile, Inspecteur. Nambari inatangulia, radio inafuata."

"Na radio ikikataa kufuata?"

Grégoire alinyoosha tena chupa iliyokuwa imeshanyooka. Isidore akamwambia asimpe jibu bado, amwambie tu ni mama gani mbeba mizigo, wa kupitisha mugozi kichwani, aliyewahi kulazwa kichwa chake kwenye ile sahani ya filamu. Kijana akakaa juu ya kiti. Alikuwa amesubiri swali lingine lolote, akawa na majibu yake, lakini si hilo.

Alieleza bila kuinua macho. Unyevu wa ziwa uliharibu filamu nyingi. Zilitoka na madoa, na zile za kiuno zilitoka kama ukungu mtupu. Jalada bila picha lilirudishwa na makao ya kampuni, na kila liliporudi alitukanwa yeye. Siku moja alikuja mama mmoja mbeba unga wa Nyawera, Emérence, kichwa kinamuuma, masista walimwombea nafasi. Picha yake ikatoka safi ajabu, na Dokta alipoiona akasema hiyo ndiyo 723 ya kuwafundishia wanafunzi. Grégoire akaitunza. Baadaye ilipokosekana picha ya 723, aliitolea nakala, akaandika jina.

"Kwa watu wangapi?"

"Wengi, Inspecteur. Sikuhesabu. Docteur haangaliake tena, anaulizaka tu kama radio iko." Alifuta jasho. "Mi nilizani shingo ya mutu ni shingo ya mutu."

Isidore aliwaza juu ya wanaume wote waliopanda lori wakiwa na shingo ya Emérence ndani ya majalada yao. Alimwambia Grégoire aandike maelezo yake na kuweka saini, na kwamba akisema ukweli parquet itamlinda. Alilisema kwa nia njema. Wakati ule aliamini.

Isidore alimpata Emérence kesho yake kwenye mteremko ule ule wa Nyawera, mwanamke wa umri wa kati, mkavu, mwenye alama ya mugozi iliyobonyea kwenye paji la uso. Ili kumtazama Isidore machoni ilimbidi arudi nyuma hatua moja. Alikubali kwenda parquet kuonyesha shingo yake, mradi asicheleweshwe maana unga ulikuwa wa mtu mwingine. Walipofika mlangoni ndipo alipouliza.

"Ile photo ya kichwa yangu, mwana wangu, ilisema nini? Balinituma tu nyumbani. Hakuna mutu aliniambia."

Isidore, aliyekuwa ameijua ile picha mstari kwa mstari, alimwambia kwamba ilisema amebeba sana. Emérence akasema hilo alikuwa analijua.

Mbele ya Substitut mambo yalikwenda kama maji. Isidore alimweka Emérence kando ya picha, akamwomba atazame dari, hakuweza. Akasoma maelezo ya Grégoire. Akaeleza habari ya mugozi, akionyesha kwa mkono kamba inapopita na uzito unaposhukia, na Substitut akasogeza kiti mbele na kumsikiliza kwa uso wa mtu anayefurahia kitabu kizuri. Alipomaliza, Mbelgiji yule alisimama na kumpa mkono. Aliandika amri palepale: Léopold apigwe picha mpya, ya kiuno, mbele ya mpelelezi, kwa filamu mpya kutoka hospitali ya serikali. Isidore alitoka mle akiwa mwepesi. Alipita hospitali, akamwambia Agnès, na Agnès akaanza kulia kabla hajamaliza kusema. Léopold alimshika mkono kwa mikono yake yote miwili na kumwita kaka.

Isidore alihesabu kwamba ameshinda. Nani asingehesabu hivyo?

Ijumaa asubuhi picha ilipigwa. Wauguzi wanne walimgeuza Léopold juu ya ubao kwa uangalifu ambao hakuwahi kuupata tangu aingie pale, na filamu ikatoka safi. Dokta Verhulst mwenyewe ndiye aliyeibandika kwenye taa, Substitut na Isidore wakiwa nyuma yake. Safari hii Isidore hakuhitaji kugeuziwa. Pingili moja ya kiunoni ilikuwa imepondeka upande wa mbele, kama kipande cha sabuni kilichokanyagwa, na ile ya juu yake imesogea nje ya mstari.

"Imevunjika," Dokta alisema. Hakusitasita. "Hakuna ubishi. Kitu kizito kilimpiga."

Isidore alihisi joto likimpanda hadi masikioni. Akamtazama Substitut, na Substitut akatikisa kichwa kukubali.

Dokta aliendelea kutazama. Alichukua kalamu, akaelekeza pingili zilizo juu na chini ya ile iliyopondeka. Zile nazo zilikuwa na kingo zilizoota vichomozo. Nafasi kati yake ilikuwa nyembamba. Miaka ya kubeba mawe akiwa ameinama, alisema, tangu akiwa kijana mdogo. Hiki si kiuno cha mtu wa miaka ishirini na saba. Alikuwa anasema kweli, na Isidore, ambaye sasa alijua kusoma picha, aliona kwamba ni kweli.

"Kwa hiyo?" Substitut aliuliza.

"Kwa hiyo ni 723."

Isidore alidhani amesikia vibaya. Dokta alifungua kitabu kipya cha nambari mezani, akakigeuzia upande wao. Karatasi ya mgonjwa ina kisanduku kimoja tu cha nambari, alisema, na utaratibu wa kampuni unataka kiandikwe kile kilichoanza, si kile kilichofuata. Uchakavu ulianza. Mfupa uliokwisha kuchakaa huvunjika kwa pigo ambalo mfupa mzima ungelistahimili. Basi uchakavu ndio sababu, jiwe ni tukio tu. Nambari ya kwanza ilikuwa sahihi ingawa picha ilikuwa ya mtu mwingine, jambo ambalo analisikitikia, na mhusika ameshafukuzwa kazi asubuhi ile.

Isidore aliuliza, na sauti yake mwenyewe ilimshangaza kwa upole, huo uchakavu umetokana na nini.

"Na kazi," Dokta alisema. "Nimekwambia."

"Basi andika kazi. Kitabu hiki kina kila ugonjwa wa duniani. Nionyeshe nambari ya kazi."

Dokta Verhulst alikivuta kitabu karibu. Hakuwa amekasirika. Alifunua kurasa, si kwa kutafuta, bali kama mtu anayemwonyesha mgeni nyumba. Ipo nambari ya kuanguka, alisema. Ipo ya kupigwa na jiwe, ya kuumwa na nyoka, ya kuzama majini. "Ya kubeba miaka kumi haipo. Walioandika kitabu hawakuiweka. Ningeiandika, Isidore. Naapa ningeiandika."

Isidore alimgeukia Substitut. Aliomba picha isomwe na daktari mwingine, wa serikali, au wa misheni, yeyote. Substitut alikuwa ameshafunga kalamu. Alisema, kwa adabu ile ile, kwamba aliomba picha akapewa, aliomba isomwe ikasomwa, na daktari amekiri mbele yake kila kilichoonekana. Hakuna uongo tena katika jalada hili. Mwendesha mashtaka hushtaki uongo. Akikosa uongo hana la kushtaki. Alimsifu Isidore kwa kazi ya ile kamba. Alisema ataitaja katika ripoti yake.

Hapo ndipo Isidore alipoelewa alichokifanya. Picha ya uongo ilikuwa ndiyo silaha yake pekee, na yeye mwenyewe ndiye aliyeiondoa katika jalada, akaipa kampuni ya kweli badala yake. Jalada sasa lilikuwa safi, halina doa. Alikuwa amewasafishia.

Lori lilikuwa uani tangu saa sita, limepakiwa chumvi na mabati. Hospitali ilihitaji godoro lake, kwa hiyo Agnès alitandika vitenge viwili juu ya magunia. Isidore alipanda kusaidia kumpokea Léopold kutoka kwa wauguzi, akamshika chini ya mabega, akamlaza taratibu kadiri mtu anavyoweza kulazwa taratibu juu ya chumvi. Aliiona barabara yote kichwani mwake, mashimo ya Miti, milima ya Kalehe, madaraja ya magogo. Alitaka kumwomba msamaha, akamnyooshea kitenge chini ya shingo badala yake. Hakuwahi kuichukia kazi yake kabla ya siku hiyo.

"Papa Inspecteur," Léopold alisema, "ile radio ya mupya, uliiona?"

"Niliiona."

"Ile fasi jiwe ilinipiga, inaonekana?"

"Inaonekana wazi."

"Na docteur?"

"Aliona. Alisema mwenyewe kitu kizito kilikupiga. Na substitut alisikia."

Uso wa Léopold ulifunguka. Kwa muda mrefu alikuwa mtu anayeitwa mwongo na watu waliovaa vizuri, na sasa mzigo huo mmoja ulikuwa umemtoka. Alimtazama mkewe aliyekaa kando yake akishika sufuria, kana kwamba anasema unaona, nilikuambia.

Agnès hakutabasamu. Alikuwa akimtazama Isidore, akiyapima maneno yale moja moja, kwa uso wa mtu anayetafuta mahali alipopitwa.

"Docteur aliona," alisema. "Substitut aliona. Wewe uliona. Bote banajua ni jiwe." Alivuta kitenge akafunika miguu ya mumewe. "Sasa ju ya nini tuko naenda?"

Isidore alisogeza gunia lililobana miguu ya Léopold. Alikuwa na jibu lote, la kisanduku kimoja na kile kilichoanza na kile kilichofuata, alikuwa ameelezwa vizuri na angeweza kulirudia kwa Kifaransa au kwa Kiswahili. Aliangalia uso ule, akashika ukingo wa lori. Dereva aliwasha injini na kumwomba ashuke, kwa sababu walikuwa wanataka kuvuka mlima kabla ya mvua, naye akashuka.